Bahari ya Marejeo

Mpenzi msomaji, mhariri wa jarida hili aliniomba nimpe hadithi yangu iitwayo "Bahari ya Marejeo", ile niliyoisoma mbele ya Chama cha Kiswahili muhula wa pili, watu wakapiga makofi hadi mabati ya ukumbi yakataka kung'oka. Nilimwahidi kwamba nitamletea. Lakini nilipoketi kuinakili, kalamu ilikataa katakata. Badala ya hadithi nimeleta maelezo haya, na ni ya kweli tupu. Mwenye kucheka na acheke, ila asome mpaka mwisho.

Ningependa ujue kwanza kwamba mimi sijawahi kuiona bahari. Nimezaliwa hapa hapa Kachibora, nimelelewa hapa, na maji makubwa kuliko yote niliyowahi kuyaona kwa macho yangu ni mto Nzoia wakati wa masika. Huku kwetu ukiangalia mashariki unaona milima ya Cherangany, na siku isiyo na mawingu ukigeuka magharibi unauona Mlima Elgon. Katikati ni mahindi, mahindi na mahindi. Katika somo la Jiografia tulifundishwa kwamba Kitale iko karibu mita 1,900 juu ya usawa wa bahari. Nakumbuka siku hiyo nilijiuliza, mbona tunapimwa kwa kitu ambacho hatujakiona? Kutoka hapa mpaka Mombasa ni zaidi ya kilomita 850. Katika darasa letu la wanafunzi hamsini na wawili, waliofika Mombasa ni watatu tu, na mmoja wao alikuwa mtoto wa kubebwa mgongoni, kwa hivyo hakumbuki lolote.

Hata hivyo, ukisoma Kiswahili huwezi kuikwepa bahari. Iko kila mahali. Tunakariri "maji yakijaa hupwa" na hakuna aliyewahi kuona maji yakijaa wala yakipwa. Tunakariri "bahari iliko ndiko mito iendako" na "maji ya kifuu bahari ya chungu". Siku mwalimu wetu alipoandika ubaoni "mwenda tezi na omo marejeo ni ngamani", darasa zima lilicheka, kwa sababu wengi wetu tulidhani tezi ni ule uvimbe wa shingoni. Basi mwalimu akachora chombo. Akatuonyesha tezi, yaani nyuma. Omo, yaani mbele. Na ngama, pale chini ndani ya chombo ambapo maji yanayovuja hukusanyika. Akatueleza kwamba baharia hata akizurura vipi, mbele na nyuma, mwisho lazima arudi pale chini kuyateka yale maji, la sivyo chombo kitazama. Maana yake, akasema, mtu hata aende wapi, mwisho hurudi kwao.

Wenzangu waliandika maelezo hayo kwa ajili ya mtihani. Mimi yaliniingia moyoni kama mwiba, na sababu yake ni kaka yangu mkubwa.

Baba yetu aliaga dunia nikiwa darasa la nne. Tangu hapo kaka ndiye aliyekuwa baba. Ndiye aliyelima, ndiye aliyekama ng'ombe, ndiye aliyenipiga nilipofeli Hisabati na kuninunulia maandazi nilipofaulu. Alipomaliza kidato cha nne hakupata alama za kuendelea na masomo, na hata angezipata, karo ingetoka wapi? Mwezi wa Januari, nilipokuwa nikiingia darasa la nane, alipanda lori la jirani yetu lililokuwa limebeba viazi na kabichi likaenda Mombasa. Alituaga akiwa amekaa juu ya magunia, akipunga mkono kama mheshimiwa. Mwaka wa kwanza alipiga simu kila Jumapili, na hela kidogo zilikuja kwa M-Pesa. Mwaka wa pili simu zikapungua. Halafu siku moja tukampigia, ikasikika ile sauti ya mwanamke ikisema mteja hapatikani. Tukapiga kesho yake, na mtondo, na mtondogoo. Hapatikani.

Mama hakulia mbele yetu. Lakini nyumba yetu ina ukuta mwembamba, na usiku mmoja tulimsikia akimwambia shangazi, "Bahari imekula mtoto wangu." Dada yangu mdogo, kitinda mimba wetu, wakati huo alikuwa na miaka sita. Alikaa kitandani wima, akaniuliza kwa sauti ya chini, "Kaka, bahari ina meno?"

Ningefanya nini, ndugu msomaji? Nilimwambia haina meno. Nikamwambia bahari haili watu, inawaweka tu. Akauliza inawaweka wapi. Hapo ndipo nilipoanza kutunga.

Siku hizo nilikuwa nimeazima maktabani kitabu kikuukuu kisicho na jalada, *Adili na Nduguze*, alichokiandika Shaaban Robert na kikachapishwa mwaka 1952. Wengi wetu tunamjua kwa *Kusadikika* ya mwaka 1951, ile nchi iliyo hewani. Lakini mimi nilikipenda hiki cha Adili, kwa sababu mna bahari ya ajabu, mna mji ambao watu wake wamegeuka mawe, na mna Adili mwenyewe anayetupwa baharini na nduguze wa damu, Hasidi na Mwivu, kisha anaokolewa na jini aitwaye Huria. Nduguze wakageuzwa nyani. Mwandishi huyu alizaliwa mwaka 1909 karibu na Tanga, mahali ambapo mtu akifungua dirisha anasikia harufu ya chumvi. Mimi nilikuwa nikikisoma kando ya zizi, mahali ambapo mtu akifungua dirisha anasikia harufu nyingine kabisa. Lakini bahari ile ilinijia mpaka hapo.

Kwa hivyo nilimjengea dada yangu bahari yetu. Niliiita Bahari ya Marejeo. Kila jioni, baada ya kuosha vyombo, niliongeza kipande. Nilimwambia kwamba maji ya bahari hiyo ni matamu kama ya kisima, ila mwongo akiyanywa yanageuka chumvi. Nilimwambia chini yake kuna mji wenye taa, na majini wapole huwatunza humo watu waliopotea, wanawapa ugali na samaki, na wanawakata nywele kila mwisho wa mwezi. (Hili la nywele alilitaka yeye, maana kaka alipenda kunyoa.) Samaki wa huko husalimiana kwa methali. Langoni pa mji analinda papa mzee aliyesahau nusu ya kila methali. Anakuambia mwanzo, wewe unamalizia, naye anakupisha. Na sheria kubwa ya bahari hiyo ni kwamba kila kilichotupwa ndani yake lazima kirudi, maji yakijaa mara ya saba.

"Sasa yamejaa mara ngapi?" dada aliuliza.

"Mara nne," nilimjibu. Baada ya miezi kadhaa nikasema tano.

Sitaki kukudanganya, mpenzi msomaji. Mwanzoni nilitunga ili alale. Lakini baadaye nilitunga kwa sababu nilipenda. Nilipenda jinsi alivyonitazama. Nilipenda pia kwamba katika bahari yangu mimi ndimi niliyejua kaka alipo, ilhali katika dunia hii sikujua. Nikaiandika yote katika daftari, nikampelekea mlezi wa chama, akaisoma, akatikisa kichwa na kusema, "Kijana, hii lazima isomwe hadharani." Kichwa changu kilivimba kama andazi kwenye mafuta.

Siku yenyewe ilikuwa Jumamosi mwezi wa Mei. Usiku wa kuamkia siku hiyo mvua ilikuwa imenyesha kama maji yanayomwagwa kwa ndoo, lakini asubuhi jua lilichomoza likicheka. Nilipiga pasi shati langu, nikapaka viatu rangi, nikaondoka guu mosi guu pili kuelekea shuleni. Dada aliniuliza mlangoni, "Kaka, leo yamejaa mara ngapi?" Nami, kwa vile nilikuwa na furaha na haraka, nikamwambia, "Leo ni sita. Bado moja tu!"

Lo! Laiti ningelijua.

Nilisoma hadithi yangu mbele ya wanafunzi, walimu na wageni waalikwa. Nilipofika kwa papa mzee, nilisema nusu ya methali nao wakamalizia kwa sauti moja, "Haraka haraka..." "Haina baraka!" Mimi mwenyewe nilikuwa nikiisema bila kuisikia. Nilipewa zawadi ya kamusi mpya. Nilirudi nyumbani nimeikumbatia kama mtoto mchanga, nikiwaza jinsi mama atakavyofurahi.

Nilimkuta mama uani akianika nguo. Kabla sijafungua mdomo, aliniuliza, "Mdogo wako yuko wapi? Si alisema anakufuata shuleni?"

Moyo ulinipiga paa. Sijui ni kitu gani kilichoniambia, lakini sikwenda barabarani kumtafuta. Nilitupa kamusi kwenye nyasi nikakimbia moja kwa moja hadi kijitoni nyuma ya shamba. Kijito hicho siku za kawaida unakivuka bila kulowesha magoti. Siku hiyo kilikuwa kimefura, maji mekundu kama chai ya maziwa iliyochacha, yakibeba matawi na mabua. Dada yangu alikuwa ndani ya maji hadi kifuani, ameshika matete kwa mkono mmoja. Hakuwa akipiga kelele. Alikuwa akitazama kule maji yanakoelekea.

Sisi watu wa bara wengi hatujui kuogelea, nami ni mmoja wao. Niliingia hivyo hivyo na viatu vyangu vilivyopakwa rangi. Maji yalinisukuma kama fahali. Nilimfikia, nikamshika, lakini kurudi ikawa kazi. Kila nikiinua mguu, naona ninakwenda na maji. Nashukuru Mungu kwamba mzee mmoja aliyekuwa akichunga ng'ombe ng'ambo alituona. Alifungua kamba aliyofungia ndama, akaturushia, akatuvuta kama anavuta mti. Tulipotoka alitutazama tu, akasema, "Mto si mtu wa kuzoeana naye, wanangu." Kisha akarudi kwa ng'ombe wake. Mpaka leo nikikutana naye njiani naona haya.

Dada alikuwa akitetemeka, meno yakigongana. Jambo la kwanza alilosema lilikuwa hili: "Mbona umenitoa? Mkebe ulikuwa umekwama, nilitaka kuusukuma uende."

"Mkebe gani?"

Alikuwa amechukua mkebe mtupu wa mafuta ya kupikia. Ndani alitia barua aliyoiandika mwenyewe. Yuko gredi ya pili, kwa hivyo herufi zake ni kubwa kama mayai. Alitia pia sarafu ya shilingi 20, ambayo ni nauli, akaufunga kwa mfuko wa plastiki. Kwa vile bahari iliko ndiko mito iendako, na kwa vile maji yalikuwa yamebakiza kujaa mara moja tu, alitaka barua ifike kabla kaka hajaanza safari ili asije akakosa nauli.

"Tena nilimwita papa," aliniambia, sasa akilia. "Nilisema 'Mwenda tezi na omo.' Nilisema mara tatu. Hakujibu."

Ndugu msomaji, nimewahi kufiwa na nimewahi kufeli, lakini sijawahi kujisikia vile.

Mama alikuwa amefika, na alikuwa amesikia yote. Nilingoja kofi. Halikuja. Alimvua dada nguo zilizolowa, akamfunga kwa leso yake, akambeba mpaka jikoni karibu na moto. Kisha akaniambia, "Njoo hapa. Nieleze hiyo hadithi." Nikamweleza kutoka mwanzo hadi mwisho: mji wenye taa, majini, papa, maji kujaa mara saba. Ile hadithi iliyopigiwa makofi asubuhi, jioni hiyo nikiisema mbele ya mama ilikuwa nzito kinywani kama jiwe. Nilipomaliza alinyamaza kwa muda mrefu akichochea moto. Halafu akasema maneno ambayo sitayasahau maishani:

"Umewaweka wanangu wawili majini. Sasa watoe."

Hakusema zaidi ya hapo.

Jumatatu nilikwenda kwa mwalimu wangu wa Jiografia wakati wa mapumziko. Sikumweleza yote. Nilimwuliza tu, "Mwalimu, kijito cha nyuma ya shamba letu kinafika Mombasa?" Alicheka, akaitandika ramani mezani. Alinionyesha kwa kidole. Vijito vyetu vya upande huu wa Cherangany huingia mto Nzoia. Nzoia hupita Webuye, hupita Mumias, hufika Budalang'i, huingia Ziwa Viktoria. Maji ya ziwa hutoka Jinja, nchini Uganda, yakawa mto Naili. Kutoka hapo hupita Ziwa Kyoga na Ziwa Albert, huvuka Sudan Kusini, hukutana na Naili ya Buluu pale Khartoum, hupita katika bwawa la Aswan, na mwisho kabisa huingia Bahari ya Mediterania, huko Misri.

"Na ya upande wa pili wa milima?" niliuliza.

"Yale huteremka bonde la Kerio mpaka Ziwa Turkana," alisema. "Na Ziwa Turkana halina pa kutokea. Maji yakifika pale, hayatoki ila kwa kunyonywa na jua."

Nilisimama pale nimepigwa na butwaa. Kumbe mvua ikinyesha juu ya Cherangany, tone moja likiangukia upande huu litaelekea Misri, na jirani yake likiangukia upande ule litaelekea Turkana. Hakuna hata tone moja la mito yetu linalofika Mombasa! Miaka yote hiyo nilikuwa nimemtuma dada yangu kwenye bahari isiyo yetu. Mwalimu aliuona uso wangu umeanguka, akaniuliza kuna nini, nami nikamweleza kidogo. Alifikiri, halafu akasema, "Mito yetu haiendi huko, ni kweli. Lakini baadhi ya mvua zetu huletwa na pepo zinazoanzia Bahari Hindi. Kwa hivyo sisi hatuifikii, lakini yenyewe hutufikia."

Jioni hiyo nilimketisha dada yangu kwenye kigoda. Nilimwambia kwamba hakuna Bahari ya Marejeo. Hakuna papa anayesema methali. Hakuna mji wenye taa chini ya maji. Nilimwambia niliyatunga yote, na kwamba bahari ya kweli ina chumvi, kila lita moja karibu gramu 35, na hujaa na kupwa mara mbili kwa siku kwa kuvutwa na mwezi na jua, si mara saba. Nilimwambia sijui kaka alipo. Neno hilo "sijui" lilikuwa gumu kuliko yote.

Alinisikiliza bila kupepesa macho. Kisha akauliza kijito chetu kinakwenda wapi. Nikamwambia Misri. Akawaza.

"Kwa hivyo shilingi zangu 20 zimeenda Misri?"

Mama aliyekuwa akichambua mboga alicheka. Sikuwa nimemsikia mama akicheka tangu mwaka uliopita. Tulicheka sote watatu, na katikati ya kicheko dada akaanza kulia, mama naye akalia waziwazi, na mimi sikujizuia. Tulilia pamoja kwa mara ya kwanza. Naona kwamba hadithi yangu ndiyo iliyokuwa imetuzuia kulia, na ndiyo iliyotuzuia pia kufanya lolote. Mtu akishaamini kwamba maji yatamrudisha ndugu yake yenyewe, anakwenda kumtafuta wa nini?

Kesho yake tulianza kutafuta. Mama alikwenda kwa chifu kuandikisha taarifa. Mimi nilikwenda kwa jirani yetu mwenye lori, ambaye bado hupeleka viazi na kabichi soko la Kongowea. Nilimpa picha ya kaka ile ya kumaliza shule, nyuma yake nimeandika jina lake na nambari ya mama. Jirani alisema, "Mbona hamkuniambia mapema? Mimi nilidhani mnawasiliana naye." Sikuwa na jibu. Huko Kongowea aliwaonyesha picha wapakiaji, wachuuzi, na wenye vibanda vya chakula. Safari ya kwanza hakuna. Safari ya pili mwuzaji wa chapati akasema anaifahamu sura hiyo, ila si hapo, ni Changamwe. Jirani akamwachia nambari.

Jumapili moja ya mwezi wa Julai, saa mbili usiku, simu ya mama ililia. Nambari ngeni. Mama alisema "Haloo" mara mbili, kisha akakaa chini sakafuni pale pale alipokuwa amesimama.

Alikuwa yeye.

Mama aliongea naye kwanza, kisha akanipa mimi. Sauti yake ilikuwa imebadilika, ina uzito, na ameanza kuongea kama watu wa pwani. Alituambia kwamba kibarua alichokuwa nacho kiliisha, simu ikaibwa, akahamahama. Nambari ya mama aliikumbuka siku zote. "Kila nikitaka kupiga nasema, ngoja kwanza nipate kitu. Nitapigaje mikono mitupu? Mwezi ukipita, haya inaongezeka. Ukipita mwingine, inaongezeka tena." Sasa anapakia mizigo kwenye ghala moja, siku kazi ikiwepo.

Nilitaka kumwuliza mambo mengi ya maana, lakini swali lililonitoka lilikuwa la kijinga. "Kaka, bahari ikoje?"

Alicheka kidogo. "Bahari? Bwana mdogo, mimi bahari nimeiona kwa karibu mara mbili tu tangu nije. Kazi iko huku, na nyumba iko huku. Mara ya kwanza nilikwenda asubuhi nikakuta maji yameondoka, mashua zimelala ubavu kwenye tope kama ng'ombe wanaocheua. Nikaona ah, ndiyo hii tu? Niliporudi jioni maji yalikuwa yamejaa, zimesimama zote, hakuna aliyezigusa. Hapo nilishangaa."

Kisha akaomba apewe dada. Dada alishika simu kwa mikono miwili. Hakusalimu. Alisema, "Mwenda tezi na omo," akanyamaza, akingoja.

Sisi sote tulinyamaza. Simu ilikuwa na kelele, sijui za magari au za upepo. Halafu nikaisikia sauti ya kaka, ndogo, kutoka mbali kabisa: "Marejeo ni ngamani."

Dada akanirudishia simu akaenda kulala.

Mpenzi msomaji, kama hii ingekuwa ile hadithi yangu, sasa ningekuambia kwamba kaka alitokea kesho yake na sanduku la zawadi. La hasha. Mpaka ninapoandika haya bado yuko Mombasa. Amesema atakuja Krismasi akipata nauli, na mama amemwambia aje hata bila kitu, nauli tutachanga. Jirani amesema atamleta bure juu ya magunia, kama alivyompeleka. Hupiga simu kila Jumapili, na akikosa kupiga, sisi tunampigia. Jumapili mbili hakupatikana, na tumbo likanikata kama zamani. Lakini sikumtungia dada chochote. Nilimwambia, "Sijui. Tutajaribu kesho." Tulijaribu, tukampata.

Sisemi kwamba kutunga ni dhambi. Shaaban Robert hakumdanganya mtu. Aliyekifungua kitabu chake alijua anasoma hadithi. Mimi nilimwambia mtoto kwamba ni kweli, na hapo ndipo kosa langu lilipo. Bado napenda kutunga, na kamusi yangu mama aliiokota nyasini akaikausha juani. Kurasa zake zimekunjamana kidogo lakini zinasomeka. Siku moja, Mungu akipenda, nitaiona hiyo bahari yenyewe. Nitaonja chumvi yake, nitangoja maji yapwe, na nitangoja yajae.

Kwa sasa, mvua ikinyesha huku Kachibora na maji yakianza kutiririka kuelekea kijitoni, dada yangu husimama mlangoni akayaangalia na kusema, "Nendeni, nisalimieni Misri." Nami humwambia aingie ndani, atalowa.